Kumfunda Rahila

Jumatatu, 3 Novemba

Noof kaniletea daftari. Kasema, "Bibi, kila siku unanijaza masikio kwa mambo ya watu. Andika, upumue, na miye nipumue." Yuko chuo kikuu huyu mjukuu wangu, na ulimi karithi kwa babu yake. Nikamwambia nimesoma skuli Unguja mpaka darasa la nne tu, mwandiko wangu kama kuku kapita. Kasema kuku naye ana lake la kusema. Haya, kuku anaandika.

Joto limeanza kushuka. Leo tumezima kiyoyozi cha ukumbini tangu alasiri.

Jumatano, 5 Novemba

Nyumba imewaka bila ya kiberiti. Yaqdhan, mjukuu wangu mkubwa, yule wa wizarani Al Khuwair, hapa hapa Maskati, kaja kula. Katikati ya wali kasema kapata mchumba. Mama yake Kheiria kijiko kikamwanguka kwa furaha. Halafu yakaja maelezo, na furaha ikatafuta mlango.

Jina lake Rahila. Kwao Khuwair ya Kusini, Waarabu wa Tabora. Sawa, Tabora nako wanazaliwa watu. Aliolewa akaachwa. Sawa, si wa kwanza. Kamzidi Yaqdhan miaka miwili. Hm. Kazi yake, anaendesha basi la wanafunzi wa kike.

"Basi lipi?" Kheiria kauliza.

"Analopanda Noof."

Noof kainamia sahani. Kumbe analijua jambo zima.

Nikauliza wamejuanaje. Yaqdhan kacheka peke yake kama mwenye mapepo. Kumbe alimgongea basi lake kwa nyuma, pale penye mzunguko wa barabara. Mwanamke akashuka, akamwita kipofu kwa Kiarabu, hakutosheka, akaendelea kwa Kiswahili. Yaqdhan akamjibu kwa Kiswahili. Yule akasema, "Ah, kumbe ni ndugu! Basi wewe ni kipofu wa kwetu." Na huo ndio uchumba.

Mwanangu Sleiman, baba yake, kaondoka mezani. Kheiria kalia. Miye nikaumaliza wali wangu, maana wali hauna kosa. Halafu nikawaita wote nikasema hivi: "Miye ni somo, kungwi wa wari. Wari niliowafunda miye leo wana wajukuu, na hakuna hata mmoja aliyerejeshwa kwao kwa kukosa adabu. Mleteni kwangu. Niachieni mpaka karibu na Ramadhani. Akiwa mtu, mtampokea na hakuna atakayenuna. Akinishinda, nitamkataa miye mwenyewe, na wewe Yaqdhan utatafutiwa mwengine."

Sleiman kasema, "Neno lako ndilo neno, mama." Yaqdhan kanibusu kichwa. Mjinga, hajui kama nimemsaidia au nimemfunga kamba.

Jumapili, 9 Novemba

Kaja. Sikuhitaji kuambiwa, honi imenifuata mpaka kwenye msala. Kaegesha basi zima mbele ya geti. Mwanamke mrefu, kifua mbele, mikono ya abaya kaikunja mpaka viwikoni, anatafuna ubani kama mbuzi wa harusi.

"Shikamoo, bibi!"

Nadhani na wa nyumba ya tatu kaitika.

"Marahaba. Miye siko Tabora, niko hapa mbele yako. Punguza."

"Samahani, bibi. Ukinguruma na basi siku nzima unasahau kama watu wana masikio."

Kakaa magoti mbali mbali, kama yuko kwenye usukani. Kacheka, nimeyaona magego yote. Nikampa chai na mandazi, kala matano, kasema, "Bibi, haya yangepikwa Tabora, harusi zote zingekugombania." Neno hili naliandika kwa kuwa ni la kweli, si kwa kuwa limenipendeza.

Nikamuuliza, "Unamtaka mjukuu wangu?"

"Namtaka." Hivyo hivyo, macho juu.

"Kwa nini?"

"Yeye ananicheka nikikasirika. Yule wa kwanza alikuwa anakasirika nikicheka."

Nikakohoa kidogo. Halafu nikampa sharti: Jumapili na Jumatano, akishashusha wanafunzi, aje kwangu afanye nnalosema. "Na humu ndani wewe si dereva na wala si mtalaka. Wewe ni mwari."

"Mwari wa miaka thelathini na moja, bibi?"

"Mwari wa tangu leo."

Jumatano, 12 Novemba

Tumeanza na kutembea. Anatembea kama anakwenda kuzima moto.

Jumapili, 16 Novemba

Kucheka. Mkono mbele ya mdomo, sauti ibaki kifuani. Kila mara kasahau. Kasema mkono unachelewa, kicheko kinamtoka kabla.

Jumatano, 19 Novemba

Hakuja, gurudumu limepasuka. Kanipigia simu kunieleza. Nimeiweka simu juu ya kabati nikamsikia vizuri nilipokaa.

Jumamosi, 22 Novemba

Leo nimetizama senema na siijutii. Noof mwalimu wake kawapa kazi: senema kongwe ya Kiingereza, ya zamani hizo ambazo picha zilikuwa hazisemi. Kaiunganisha kwenye televisheni ya ukumbini. Nikasema senema bubu ya nini, lakini nikakaa.

Mwanamke dobi, huko Ulaya. Mikono mapovu mpaka kwapani, mlevi, anapigana na wanaume mlangoni pa kilabu. Husikii neno, lakini kinywa chake kinakwenda, unajua kabisa anatukana mama za watu. Anakuja bibi mmoja wa kitajiri, kofia kama sinia la pilau, anamchukua nyumbani kwake. Anamuogesha. Anamfundisha kukaa, kula supu bila ya kuvuta, kushika kikombe. Nikampigia kelele Noof, "Tizama! Huyu ni somo! Hata Wazungu wana somo!"

Mwisho yule dobi kasimama dirishani, nguo nyeupe, nywele zimechanwa, anatizama nje. Halafu kioo kikawa cheusi.

"Ehe?"

"Ndiyo mwisho, bibi. Kipande kilichobaki kimepotea, kimeungua zamani. Mwalimu anataka sisi tuuandike."

Nikamwambia hapo pana kuandika nini? Kaolewa na nduguye yule bibi, kapata heshima, kilabu kakisahau. Noof kasema ataiandika hivyo na jina langu ataliweka chini. Nikamwambia Rahila naye aonyeshwe. Ni dawa yake hasa.

Jumapili, 23 Novemba

Tumemuonyesha. Kacheka kwenye magomvi ya kilabu mpaka kashika ubavu. Kwenye supu kanyamaza. Kioo kilipokuwa cheusi nikamuuliza, haya, mwisho wake vipi?

"Kangoja watu walale, bibi, katoka kwa dirisha, karudi kufua."

"Kurudi kwenye mapovu? Ana wazimu?"

"Humo ndani sikuona mtu anayecheka naye."

Nikamwambia hiyo ndiyo akili inayofanya watu wabaki madobi. Kaniangalia, halafu kaniuliza kama mandazi yapo.

Jumapili, 7 Desemba

Nimemfukiza udi leo, nguo na nywele. Harufu ya dizeli ni sugu lakini udi ni mkubwa wake. Viganja vyake vigumu kama vya seremala. Nimevisugua kwa singo ya manukato, naye kasinzia mkononi mwangu mdomo wazi, kama mtoto aliyetoka kuchezea mchanga. Sikumwamsha. Mdomo niliufunga kwa kidole, ukafunguka tena.

Jumatano, 10 Desemba

Leo nimepanda basi. Kheiria katoka na gari, na miye nilikuwa nataka nazi. Rahila kasema, "Twende, bibi, nikupeleke kama malkia." Kaniweka kiti cha mbele kabisa. Kumbe ukiwa humo unaona juu ya kuta za watu wote! Nyumba ya Jawaher nimeiona mpaka uani, kaanika mazulia machafu na kujisifu kote kule. Jawaher ni binti ami yangu, anakaa mtaa wa nyuma. Tunagombana tangu tunacheza kidoto, na tukikaa siku mbili bila ya kugombana mmoja wetu anaumwa.

Rahila kaimba njia nzima. Sikumkataza, maana barabarani si ndani ya nyumba.

Jumapili, 14 Desemba

Katembea vizuri. Kakaa vizuri. Mkono umewahi mdomoni mara mbili. Mawingu yamejikusanya juu ya milima, magoti yangu yananipa habari.

Jumatano, 17 Desemba

Mvua. Tangu alfajiri inapiga, na wadi, ule mto uliokuwa mkavu, limeshuka kutoka milimani kama ukuta wa udongo unaotembea. Skuli zimefunga. Chuo kikawarudisha wanafunzi, na Noof yuko ndani ya basi la Rahila, na simu haipatikani. Kheiria anakwenda dirishani anarudi. Miye nimekaa na tasbihi, natukana kimoyomoyo na kuomba toba kwa zamu.

Wameingia baada ya Magharibi. Noof kavu. Rahila kalowa mpaka kisigino, tope mpaka kiunoni, na sauti imemkauka. Kasema tu, "Amana yenu hii, bibi," kageuka zake, bado ana wasichana wengine wa kuwafikisha.

Noof kanieleza. Walifika penye kivuko, maji yamepita juu ya barabara. Rahila akasimamisha basi. Nyuma yake pana bwana na gari kubwa jeupe, mke na watoto ndani, akataka kumpita aingie majini. Rahila akalikingamisha basi likaziba barabara nzima, akashuka, abaya kaifunga kiunoni, akamsimamia yule bwana dirishani. Noof kasema hajapata kusikia maneno kama yale, mengine hata yeye hakuyajua, na yeye anasoma lugha. Punda ndiyo ilikuwa salamu. Yule bwana karudi nyuma. Baada ya dakika chache mti mzima ukapita na maji pale pale.

Nimeswali rakaa mbili za shukrani. Nilitaka kumpigia Rahila simu. Nikasema kesho.

Alkhamis, 18 Desemba

Afadhali ningempigia jana.

Asubuhi Jawaher kanitumia video kwenye simu. Kuna mtu kapiga picha. Yupo Rahila kwenye mvua, mapaja nusu, mkono hewani, kinywa kikubwa kama pango, na matusi yanasikika moja moja. Jawaher hakungoja niimalize, kaja mwenyewe, mvua na matope.

"Nunu, huyu ndiye mwari wako? Unayemtia udi?"

"Kaa kwanza unywe kahawa."

"Sinywi. Unamjua aliyeitwa punda ni nani? Maan! Mume wa binti yangu! Maskati nzima inamcheka!"

"Na angeingia majini Maskati ingemlilia. Lipi bora?"

"Usinipe mafumbo. Wewe ndiye uliyesema hutoi mwari asiye na adabu. Kasome sasa wanavyoandika watu chini ya hiyo video. Wanauliza huyu kafundwa na nani."

Hapo kanipata. Ningemjibu yote, hili la kufundwa na nani limenikaa rohoni kama mwiba wa changu. Jioni Sleiman kaiona. Kheiria kaiona. Hakuna aliyeniambia neno, ndiyo ubaya wenyewe.

Jumapili, 21 Desemba

Kaja wakati wake. Basi kaliegesha mbali, sauti bado imemkauka. Kaingia anatabasamu, nadhani kategemea asante.

Sikumpa. Nilikuwa na maneno ya siku tatu kifuani na yote nimemmwagia. Nikamwambia kaniaibisha. Nikamwambia mwanamke mwenye somo hajifungi abaya kiunoni mbele ya wanaume hata maji yakimfika shingoni. Nikamwambia hicho kinywa chake ndicho kilichomwachisha kwa yule wa kwanza na ndicho kitakachomwachisha kwa wa pili. Noof kasimama mlangoni, "Bibi, basi!" Nikamfukuza.

Rahila kasikiliza mpaka mwisho. Tabasamu limetoka usoni kidogo kidogo. Halafu kafunga magoti, kaweka mikono juu ya mapaja kama nilivyomfundisha, katizama chini kama nilivyomfundisha.

"Nimesikia, bibi."

Hakuomba mandazi.

Jumatano, 24 Desemba

Kaja. Kakaa vizuri. Hakusema.

Jumapili, 28 Desemba

Kaja. Nimemhadithia kisa cha bwana harusi aliyesinzia kwenye akdi yake, kisa ambacho hajapata kutokea mtu asiyecheka. Katabasamu, mkono mbele ya mdomo. Umewahi.

Jumamosi, 3 Januari

Noof anamaliza kazi yake. Nikamwambia niwekee tena ile senema, nataka kuona jambo.

Mwanzoni kinywa cha yule dobi hakitulii. Anatukana, anaimba, anatafuna, anacheka, huhitaji sauti, unamsikia kwa macho. Tangu aingie nyumba ya yule bibi, kinafungwa. Kwenye supu kimefungwa. Dirishani kimefungwa. Nimemwambia Noof arudishe nyuma, nikahesabu: tangu kuogeshwa hasemi hata neno moja.

"Ulikuwa huoni, bibi?"

"Nilikuwa natizama kofia."

Ule mwisho niliousema miye kaufuta. Nimemruhusu. Nimemuuliza mwisho alioweka yeye ni upi, kasema bado hajui.

Jumapili, 11 Januari

Chuo kimefungwa, sasa Rahila anakuja kila siku, anakuja na teksi. Basi limeenda kwa fundi. Anapika, anakaa, anamimina kahawa bila ya kumwaga hata tone. Sebule yangu imekuwa kama chumba cha maiti. Baridi imeingia, nimetoa shali.

Jumatano, 14 Januari

Yaqdhan kaja peke yake, kakaa miguuni pangu kama zamani.

"Bibi, nikimpigia simu ananijibu 'ndiyo' na 'inshallah'. Juzi nimemchokoza makusudi, nimemwambia wanawake hawajui kuendesha. Unajua kasema nini?"

"Kasema nini?"

"Kasema, 'Huenda.' Bibi, umenipa mwanamke mwengine."

"Nimekupa mwanamke mwenye adabu. Ondoka, unanikalia kanzu."

Kaondoka. Miye nimekaa pale pale mpaka adhana.

Jumatano, 21 Januari

Sleiman na Kheiria wamekuja kumtizama rasmi. Rahila kaingia na sinia la kahawa na halwa, mwendo kama maji kwenye mtaro, sauti ndogo, macho chini. Kheiria kamkumbatia. Sleiman kaniambia, "Mama, umefanya muujiza. Tutakwenda kuposa." Siku ya akdi imepangwa, Ijumaa ya tarehe sita ya mwezi ujao, nyumbani kwa Hatem, kaka yake Rahila. Baba yao ni marehemu, Hatem ndiye walii wake.

Basi nimeshinda. Jawaher kapiga simu kunipongeza na meno yake yanasaga. Nimekula halwa, haikuwa na ladha. Nadhani wamepunguza iliki.

Jumatano, 28 Januari

Somo la mwisho, la siku ya akdi. Nimemwambia: "Utafunikwa kanga. Kaka yako atakuja na mashahidi mlangoni, atakuuliza kama umemruhusu akuoze. Atauliza mara moja, ya pili, ya tatu. Wewe hutofungua kinywa. Mwari kimya chake ndiyo idhini yake. Hata nyumba ikiungua, usiseme."

Kafikiri kidogo. Halafu kasema neno refu kuliko yote ya mwezi huu:

"Mara ya kwanza pia nilinyamaza, bibi."

"Mara ya kwanza hukufundwa na miye."

"Ndiyo, bibi."

Nilitaka kumwambia jengine. Sijui lipi. Nimemwambia avae shali, nje baridi.

Jumapili, 1 Februari

Mvua ndogo. Sijala.

Ijumaa, 6 Februari

Nimerudi sasa hivi, miguu imevimba, lakini nisipoandika leo kesho nitaisema vyengine.

Nyumba ya Hatem ni fleti ya vyumba vitatu. Wanaume na sheikh wako mbele, sisi wanawake tumejaa chumba cha ndani kama tende kwenye mtungi. Jawaher kaja, kavaa dhahabu yote aliyonayo. Rahila tumemkalisha kitandani, tumemfunika kanga mbili za harusi, huoni hata kidole. Miye nimekaa ubavuni pake. Ndani ya kanga anapumua taratibu.

Hatem kaja mlangoni na mashahidi wawili. Kagonga, kapaza sauti:

"Rahila ndugu yangu, umeniruhusu nikuoze Yaqdhan bin Sleiman, kwa mahari tuliyokubaliana?"

Kimya. Wanawake wametabasamu, wameniangalia miye. Nikainua kidevu.

"Rahila, umeniruhusu?"

Kimya. Jawaher kasema pembeni, "Kafundwa kweli huyu," na neno hilo nimelipokea kama zawadi.

"Rahila, umeniruhusu?"

Kimya. Miye nikashika pumzi ya vigelegele, koo tayari. Hatem hakuondoka. Nikasikia minong'ono, halafu sauti ya sheikh kutoka ukumbini, taratibu kabisa:

"Bibi harusi si bikira, aliwahi kuolewa. Kimya cha mwari kinatosha, cha huyu hakitoshi. Lazima atamke. Asipotamka, hakuna ndoa."

Vigelegele vikanikwama. Jambo hili nalijua! Nalijua tangu chuoni kwa mwalimu wangu wa Qur'ani, nimelisema miye mwenyewe kwenye harusi za watu. Lakini nilikuwa nimeshakata shauri kwamba Rahila ni mwari, nikawatangazia wote, nikasahau kwamba Mwenyezi Mungu hakushauriwa.

"Rahila," nikamwambia kwa sauti ya chini, "sema."

Kimya.

"Sema, mwanangu. Safari hii unatakiwa useme."

Hapumui kwa nguvu, hatetemeki, hajasogea. Hatem mlangoni kauliza tena, na safari hii sauti yake ina wasiwasi. Ukumbini wanaume wameacha kuzungumza. Najua Yaqdhan kakaa pale na kofia yake mpya, anasikiliza ukuta. Kheiria kashika kifua. Na miye nimekaa pale, somo mzima, sijui kilicho chini ya kanga ni mtii au ni mwanamke anayekataa. Wiki zote hizi nimemfundisha vyote viwili vifanane.

Nikaingiza kichwa changu ndani ya kanga. Ndiyo, bibi kizee na miwani yangu, mbele ya watu wote. Humo ndani pana kiza na harufu ya udi. Macho yake makavu, yananitizama.

"Rahila, humtaki?"

Kanong'ona, "Namtaka."

"Basi sema!"

"Ulisema hata nyumba ikiungua, bibi."

"Inaungua! Huoni?"

"Naona. Nilijua tangu wiki iliyopita. Hatem alinambia lazima nitamke."

"Ukajua, ukanyamaza?"

"Nilikuwa nangoja nione kama utaitaka. Sauti yangu. Bibi, nikiifungua leo siifungi tena. Sitaifunga kesho wala keshokutwa, sitaifunga kwa mama mkwe, sitaifunga kwa Bi Jawaher na mkwewe. Nitashika adabu zako zote, za kukaa, za kumimina kahawa, hata ya kutembea. Hii moja siiwezi. Mara ya kwanza niliinyamazia ndoa nzima. Kama mnamtaka yule wa kimya, tafadhali niambie sasa, nirudi kwenye basi langu."

Nje ya kanga Jawaher anauliza kwa sauti, "Nunu, umekufa humo?"

Nimemwambia Rahila ukweli, na sikupanga kuusema. Nikamwambia: "Tangu Desemba nyumba yangu haina mtu. Unakuja, unakaa, na nyumba haina mtu. Siku ile ya wadi nilitaka kukupigia simu nikwambie ahsante kwa mtoto wangu, nikachelewa siku moja, akaja mshenzi mmoja na video yake, nikakumwagia moto badala ya asante. Yule bibi mwenye kofia simtaki tena, mpumbavu. Nambie nikuombe vipi, nikuombe."

Kanitizama. Halafu nikaona pembe ya mdomo inasogea.

"Si lazima uniombe, bibi. Toa kichwa tu, unanikalia nywele."

Nikatoa kichwa. Naye akaifunua kanga mpaka mabegani, wanawake wakasema "hii!" kwa pamoja, na akajibu. Akajibu kwa sauti ya basi, ya mvua, ya Tabora, sauti iliyopita mlango, ikapita Hatem na mashahidi wake, ikaingia ukumbini kama mgeni asiyebisha hodi:

"Nimekuruhusu, Hatem! Nioze! Na yeye mwambie aniangalie vizuri, kipofu yule!"

Halafu nikamsikia Yaqdhan akicheka, peke yake kwanza, halafu sheikh, halafu wanaume wote. Sheikh kasema, "Hii tumeisikia, alhamdulillahi, na Al Khuwair yote imesikia."

Jawaher kaniangalia, miye nikamwangalia. Nikafungua koo na vigelegele vyote nilivyokuwa nimevizuia vikatoka, na vya mwezi mzima juu yake. Nimepiga mpaka Kheiria kaja kunishika mkono. Jawaher kavumilia kidogo, halafu naye akapiga, maana hawezi kukubali nimshinde hata kwa hilo.

Jumamosi, 7 Februari

Nimeamka sina sauti. Imekwenda yote, hata kukohoa sikohoi. Noof kanicheka mpaka kakaa sakafuni.

Saa nne Rahila kaja na Yaqdhan. Hakubisha hodi, sasa ni mtu wa ndani. Kaniletea tangawizi na asali, kakaa ukingoni mwa kitanda changu, kaanza kuzungumza. Kaeleza basi limetengenezwa, fundi kamuibia, kamrudia fundi, fundi kajuta kuzaliwa. Kaeleza jinsi Maan alivyompungia mkono jana mlangoni kwa adabu. Kaeleza mandazi yangu yanahitaji iliki zaidi. Hili nilitaka kulijibu, nikafungua kinywa, hakikutoka kitu.

Kasema mpaka adhuhuri. Nimekunywa tangawizi, nimemsikiliza.

Iliki zinatosha.